Muziki wa Ainur na Haki ya Mfiwa Kulia

Kitabu cha The Silmarillion kilitoka mwaka 1977, miaka minne baada ya kufa kwa mtunzi wake, J.R.R. Tolkien, na mwanawe Christopher ndiye aliyekihariri. Kinaanza kwa sauti. Kabla ya kuwapo nchi, bahari au nyota, Eru, ambaye jina lake jingine ni Ilúvatar, anawaumba Ainur kutokana na fikra yake, anawapa mada ya wimbo na kuwataka waipambe, kila mmoja kwa kipaji alichojaliwa. Mwanzoni wimbo hauna kasoro. Kisha Melkor, aliyewazidi wenzake kwa nguvu na maarifa, anaanza kuchomeka mawazo yake mwenyewe ili sehemu yake iwe kubwa kuliko aliyogawiwa. Walio karibu naye wanababaika; baadhi wananyamaza, baadhi wanaiacha mada na kumfuata yeye. Eru anainua mada ya pili, nayo inazidiwa. Anainua ya tatu, laini na yenye huzuni, na hiyo haizimwi. Hatimaye anaukata muziki wote kwa mlio mmoja, anawaonyesha Ainur katika njozi kile walichokuwa wakikiimba, kisha anatamka amri na njozi inakuwa ulimwengu. Yatakayotokea baadaye katika Arda, dunia ya hadithi hii, yaani milima na bahari, theluji na vita, ni mwangwi wa muziki ule.

Hadithi ni ya kubuni, lakini swali lililomo ndani yake waumini wa dini zote wamelikuta. Baada ya kuukata muziki, Eru anamwambia Melkor kwamba hakuna mada inayoweza kuchezwa bila chimbuko lake la mwisho kuwa kwake yeye Eru, na kwamba anayejaribu kuuharibu muziki atajikuta amekuwa chombo cha kuleta mambo ya ajabu zaidi ambayo hakuyawazia. Ikiwa ndivyo, mama anayemlilia mwanawe aliyeuawa ni nani katika muziki huo? Je, kilio chake ni noti iliyohitajika ili wimbo upendeze? Wasomaji wengi wamejibu kwamba ndiyo, kwamba Tolkien anafundisha tu lile somo kongwe la uovu kuwa kivuli kinachoipa picha uzuri wake. Mimi nasema sivyo. Hadithi hii, ikisomwa kwa makini, inamkatalia kila mtu ruhusa ya kuitumia hoja ya upatanifu dhidi ya anayeumia. Inamwelekeza mwonevu maneno ya onyo, na kwa aliyeonewa inaacha nafasi ambayo hakuna mwingine anayeruhusiwa kuijaza.

Wazo la kwamba ulimwengu una muziki ndani yake ni la kale. Wafuasi wa Pythagoras walifundisha kwamba nyuzi mbili ambazo urefu wake una uwiano wa 2 kwa 1, au wa 3 kwa 2, hupendeza zikipigwa pamoja, wakahitimisha kwamba hesabu inayotawala uzi inatawala mbingu pia. Plato, mwishoni mwa kitabu chake cha Jamhuri, aliweka juu ya kila duara la mbingu kiumbe anayeimba noti moja, na zote nane zikafanya upatanifu mmoja. Cicero alieleza kwamba hatuusikii muziki huo kwa sababu masikio yetu yamejaa, kama wanavyokuwa viziwi wale wanaoishi kando ya maporomoko ya Mto Nile. Ikhwan al-Safa, wanafikra wa Basra katika karne ya 10, waliandika risala nzima juu ya muziki na kuuhusisha na mwendo wa sayari. Na Johannes Kepler, katika kitabu chake cha mwaka 1619, alijaribu kuukokotoa kwa tarakimu. Maandiko nayo yanazipa sauti mbingu na nchi: Kitabu cha Ayubu, sura ya 38, kinasimulia nyota za asubuhi zikiimba wakati dunia inawekewa misingi, na Surat al-Israa, aya ya 44, inafundisha kwamba hakuna kitu kisichomsabihi Mola, ila wanadamu hawaufahamu utajo huo.

Kutoka kwenye wazo hili zuri wanateolojia walichota jibu la tatizo la uovu. Augustino, katika Mji wa Mungu, alifananisha mwendo wa karne na shairi linalopendeza kwa kugonganisha kinyume na kinyume. Leibniz, katika Theodicea ya mwaka 1710, alitetea kwamba dunia hii ndiyo bora kuliko zote zilizowezekana, na kwamba sauti chachu mahali panapofaa huupa muziki ladha. Jibu hili lina nguvu kwa sababu tatu. Linamwachia Mungu enzi yake yote. Linakataa kumpa uovu cheo cha kuwa mungu wa pili. Tena linalingana na jambo ambalo kila mwanamuziki analijua, kwamba wimbo wenye sauti tamu tupu huchosha. Hata hivyo linaficha hatari. Anayeutathmini wimbo ni lazima awe ameketi mahali fulani, nje ya wimbo, pasipomfikia maumivu. Leibniz aliandika kama msikilizaji aliyekaa mbali na jukwaa. Mwaka 1755 tetemeko la ardhi lilipoibomoa Lisbon asubuhi ya sikukuu ya Watakatifu Wote, watu wakiwa makanisani, hoja yake ilianza kusikika kama kejeli kwa waliofukiwa.

Pingamizi kali kuliko zote lilitoka Urusi. Katika riwaya ya Ndugu Karamazov, iliyokamilika mwaka 1880, Dostoevsky anamweka Ivan mbele ya ndugu yake Alyosha, amsimulie mateso ya watoto wadogo. Ivan hakani kwamba huenda upatanifu wa milele ukaja. Hakani hata kwamba siku hiyo huenda kila kitu kikaeleweka. Anachokataa ni bei yake. Anasema upatanifu wote huo hauna thamani ya chozi la mtoto mmoja aliyeteswa, na kwamba yeye anairudisha tiketi yake kwa heshima. Pingamizi hili halijibiwi kwa kuongeza utamu wa wimbo, kwa kuwa Ivan alikwisha kuukubali utamu wote. Nasi tunalijua katika sura nyingine. Msibani hakukosi mtu wa kumwendea mzazi aliyefiwa na mtoto na kumwambia kwamba kazi ya Mungu haina makosa. Asemaye hivyo hana nia mbaya, na huenda anachokisema ni kweli. Lakini mfiwa akiambiwa hivyo kabla kaburi halijafukiwa, anaelewa kwamba ameombwa anyamaze.

Tolkien hakuliandika jambo hili kama mtu aliyeketi mbali na jukwaa. Alizaliwa Bloemfontein mwaka 1892. Baba yake alifariki mwaka 1896, na mama yake, aliyemlea katika Ukatoliki, alifariki mwaka 1904. Mwaka 1916 alipigana katika vita vya Somme huko Ufaransa. Rafiki yake Robert Gilson aliuawa siku ya kwanza ya mashambulizi, na rafiki yake wa pili, Geoffrey Bache Smith, alikufa kwa majeraha mwezi Desemba. Kufikia mwaka 1918, kama alivyoandika baadaye, rafiki zake wa karibu wote walikuwa wamekufa isipokuwa mmoja. Ni katika kipindi kilichofuata mara baada ya hapo, akiwa Oxford akifanya kazi kwenye kamusi kubwa ya Kiingereza, ndipo alipoandika kwa mara ya kwanza kisa cha Muziki wa Ainur. Aliyekitunga alikuwa yatima na mfiwa wa vita. Ukweli huu peke yake hauthibitishi kwamba jibu lake ni sahihi, lakini unatulazimisha tuliangalie kwa makini jinsi alivyolirekebisha, kwa maana marekebisho yale ndiyo ushahidi wangu wa kwanza.

Andiko lile la mwanzo lilichapishwa mwaka 1983 katika The Book of Lost Tales. Humo Eru anatoa hotuba ndefu. Anataja ukatili, hofu, vifo na giza vitakavyoingia duniani kwa sababu ya Melkor, kisha anatangaza kwamba hata wale watakaoyavumilia mateso hayo watakiri mwishoni kwamba yote yameongeza utukufu wake na kuyafanya maisha yawe na thamani kubwa zaidi. Hii ni Theodicea ya Leibniz imevaa mavazi ya ngano. Tolkien aliendelea kukiandika upya kisa hiki kwa miaka mingi, na katika maandishi yaliyokuja kuchapishwa mwaka 1977 hotuba hiyo haimo. Kilichobaki ni tamko fupi kwa Melkor, mbele ya Ainur wenzake, kwamba hatafaulu. Ahadi kwamba wenye kuumizwa watakuja kushukuru kwa kuumizwa kwao imeondolewa kabisa. Sidai kuijua nia ya mtunzi katika kila neno alilolikata. Lakini tofauti ya maandiko haya mawili iko wazi: la kwanza linazungumza kwa niaba ya wanaoteseka, la pili halithubutu.

Tazama basi tamko lililobaki linamwelekea nani. Anayeambiwa kwamba mambo yake yote yatageuzwa ni Melkor, aliyeyafanya. Kwa sikio la jeuri neno hilo ni hukumu nzito kuliko adhabu yoyote, kwa sababu linamnyang'anya kile alichokitamani tangu siku alipokuwa akizunguka peke yake katika utupu akiutafuta Moto Usiozimika: kuwa na kitu kilicho chake tu, kisichotegemea yeyote. Uovu unaambiwa kwamba hauna hata uasilia wa kujivunia. Maneno yaleyale yakihamishiwa kwa mhanga yanabadilika maana. Kwa mwonevu yanasema, hutashinda. Kwa mhanga yanaanza kusikika kama, ulihitajika kuumia. Waliomhesabu Tolkien pamoja na Leibniz wamelihamisha neno kutoka kwa mtu aliyelengwa hadi kwa mtu asiyelengwa, wakadhani maana imebaki ileile.

Mtu anaweza kunipinga kwa kisa cha Ulmo. Huyu ni mmoja wa Ainur, mwenye kuwaza maji, na Melkor ameyashambulia maji yake kwa baridi kali na joto lisilo na kiasi. Eru anamgeukia aliyedhuriwa na kumwonyesha theluji, ufundi wa barafu na fahari ya mawingu. Je, hapa mwenye kudhuriwa hafarijiwi kwa hoja ya upatanifu? Ndiyo, lakini angalia mambo mawili. Kwanza, Eru anamtaka atazame, naye Ulmo mwenyewe ndiye anayesema kwamba maji yamekuwa mazuri kuliko moyo wake ulivyowaza. Ushuhuda unatoka kinywani mwa aliyeguswa na madhara, naye hajasemewa. Pili, kinachozungumzwa ni theluji na mvua, wala si mauaji. Hakuna mahali katika kitabu kizima ambapo Eru anamwonyesha mzazi maiti ya mwanawe na kumwambia atazame uzuri wake. Hadithi inajua mpaka uliopo kati ya mabadiliko ya maji na damu ya mtu, nayo haiuvuki.

Ushahidi ulio wazi zaidi unakuja baadaye, katika sura ya kukimbia kwa Noldor, ukoo mmoja wa Eldar, yaani jamii ya Elves. Fëanor, fundi mkuu wa Eldar, amewachochea watu wake waondoke kwa kiapo kitakachozaa mauaji na usaliti, na ametamba kwamba matendo yao yataimbwa milele. Manwë, mkuu wa Ainur walioshuka Arda, anasikia na kulia. Kisha anakubali kwamba itakuwa hivyo: nyimbo hizo zitanunuliwa kwa gharama kubwa, uzuri usiowahi kuwaziwa utaingia ulimwenguni, na uovu ule utakuwa umezaa jema. Hii ndiyo hoja ya upatanifu katika umbo lake bora, nayo inatoka kwa mtu anayelia, si kwa mtu anayebishana. Hata hivyo haiachwi iwe neno la mwisho. Mandos, mwamuzi wa wafu, anaongeza kwa maneno machache kwamba uovu huo utabaki kuwa uovu. Kitabu hakijaribu kuwapatanisha wasemaji hawa wawili. Mmoja anashika kwamba wema unaweza kutokea mahali pabaya. Mwingine anashika kwamba kutokea kwake hakupafuti mahali pale. Imani inayobeba kauli moja bila ya pili huishia ama katika kukata tamaa ama katika ukatili.

Kutoka hapa tunaweza kuuliza mwangwi wa muziki ule unafanyaje kazi ndani ya historia ya Arda. Chukua mfano wa ala ya udi, ambayo nyuzi zake zimepangwa kwa jozi. Uzi mmoja ukipigwa, mwenziwe hutetemeka bila kuguswa, ilimradi umekazwa kwa kiwango kilekile. Ukilegea kidogo, unabaki kimya hata mpigaji aongeze nguvu. Nguvu haiwezi kulazimisha mwitikio. Kinachotakiwa ni ulinganifu uliotangulia, na ulinganifu wenyewe hauchagui kati ya jema na baya. Muziki wa Melkor unaelezwa kuwa wa kelele, mtupu, wenye kujirudia bila mwisho, mlio wa tarumbeta nyingi juu ya noti chache. Hili ni jambo la kufikirisha. Uovu wake umo katika kuwalazimisha wote waimbe sauti moja, yaani umoja usio na upatanifu, kwa kuwa upatanifu unadai sauti tofauti zinazosikilizana. Waliomfuata walifuata kwa kujilinganisha naye. Dini yoyote iliyofundisha juu ya Ibilisi aliyekataa kumsujudia Adamu kwa kujiona bora inamtambua adui huyu: tatizo lake ni kutovumilia kuwapo kwa sauti nyingine.

Mfano mchungu wa mwitikio huo ni pambano la nyimbo kati ya Sauron, mtumishi wa Melkor, na Finrod Felagund, mfalme wa Noldor. Finrod anaimba uaminifu, uvumilivu na milango ya gereza inayofunguka, na kwa muda anasimama imara. Anaiita kumbukumbu ya pwani nzuri ya kwao ng'ambo ya bahari ili imtie nguvu. Lakini ufuo huohuo ndio uliolowa damu Noldor walipowaua ndugu zao ili wapore merikebu. Kumbukumbu ya wema inaamsha kumbukumbu ya dhambi, na Finrod anaanguka. Uzi ulikuwa umekazwa ndani ya historia ya watu wake. Adui aliupata umekwisha kulinganishwa. Hapa Tolkien hasemi kwamba dhambi ile ilikuwa noti ya lazima iliyoongeza utamu. Anasema kinyume chake: uovu uliotendwa unaendelea kutetema, unamfikia hata asiyeutenda kwa mkono wake, na hakuna wimbo mzuri unaoweza kuufunika kwa kuimbwa kwa sauti ya juu zaidi. Mandos alikuwa sahihi.

Mwitikio wa upande wa pili unaanza na Nienna, yule miongoni mwa Ainur ambaye kazi yake ni maombolezo. Inasimuliwa kwamba, muziki ukiwa bado unaendelea, huzuni yake ilimzidi hata wimbo wake ukageuka kilio, na sauti ya maombolezo ikaingia katika mada za ulimwengu kabla ulimwengu haujaanza. Basi kilio ni sehemu ya muziki kama ilivyo furaha, na aliyekileta ni mmoja wa watakatifu wake, wala hakukatazwa. Nienna hajililii mwenyewe, na wanaomsikiliza wanajifunza huruma na ustahimilivu wenye matumaini. Miongoni mwa waliomzoea ni Olórin, ambaye katika The Lord of the Rings, riwaya iliyotoka mwaka 1954 na 1955, anaitwa Gandalf. Gandalf ndiye anayemfundisha Frodo, aliyeachiwa Pete yenye nguvu za uovu, kwamba Bilbo, mlezi wake, alifanya vyema kumhurumia Gollum, kiumbe aliyetekwa na Pete hiyo, na kutomuua. Frodo anakuja kumhurumia kiumbe huyohuyo. Na ndani ya Mlima wa Maangamizi, Frodo anaposhindwa kuitupa Pete na kuidai iwe yake, ni Gollum aliyehurumiwa ambaye anainyakua na kuanguka nayo motoni. Nguvu, hekima na ushujaa vilikuwa vimefika mwisho. Kilichouokoa ulimwengu ni mwangwi wa kilio kilichosikika kabla ya nyota, uliopita kutoka moyo mmoja uliolinganishwa hadi mwingine. Kama Nienna angeambiwa anyamaze kwa kuwa kazi ya Eru haina makosa, njia hiyo ingekatika mwanzoni kabisa.

Pingamizi la kwanza dhidi ya usomaji huu ni la kifalsafa. Ikiwa kila mada ina chimbuko kwa Eru, basi Eru ndiye mtunzi wa uovu, na Melkor hakuwa na hiari. Jibu liko katika kutenganisha uwezo na mwelekeo. Uwezo wa kuimba ni wa Eru. Uamuzi wa kuuzima wimbo wa mwenzako ni wa anayeuzima. Kitabu kinatoa kielelezo kinachothibitisha kwamba mwisho wa Melkor haukuandikwa katika umbile lake. Aulë, ambaye mawazo na vipaji vyake vinafanana sana na vya Melkor, naye aliunda kitu kisichoruhusiwa: kwa kukosa subira aliwafinyanga kwa siri mababu saba wa jamii fupi ya wahunzi na wachimba madini. Eru alimwonyesha kwamba viumbe hao hawana nafsi yao, watajongea tu pale fikra yake Aulë itakapowajongeza. Aulë akakiri, akainua nyundo huku akilia ili awavunje. Wao wakajikunyata na kuomba wasiuawe, kwa sababu Eru alikwisha kuwapa uhai wao wenyewe. Kosa la Aulë na la Melkor lilianza kwa hamu ileile ya kuumba, lakini mmoja alifungua mkono na mwingine akaufumba. Zaidi ya hayo, tunajifunza Eru anapenda nini: angeweza kuwa na vinyago vitiifu, akachagua sauti zinazoweza kumjibu.

Pingamizi la pili ni la Ivan, nalo ni zito zaidi. Eru aliuona uharibifu wote katika njozi, na bado akatamka amri ya kuufanya uwe. Angeweza kuacha. Hapa ni lazima tuwe wakweli: hadithi hailiondoi tatizo hili, wala haijifanyi kuliondoa. Lakini inabadilisha mambo mawili katika hesabu ya Ivan. Ivan anafikiri mateso ndiyo matofali ya jengo, yaani kwamba upatanifu ulipangwa ujengwe juu yake. Katika Muziki wa Ainur mada ya kwanza ilikuwa kamili bila Melkor. Uharibifu haukuwa hitaji la mpango. Tena Watoto wa Ilúvatar, yaani Eldar na Wanadamu, walikuja na mada ya tatu, ambayo hakuna hata mmoja wa Ainur aliyeshiriki kuitunga. Hawakuletwa ili kulipia wimbo wa wakubwa; wao ndio jibu la Eru mwenyewe, na uzuri wa mada hiyo unatoka hasa katika huzuni yake. Kukataa kuutamka ulimwengu kungekuwa kukataa kuwapo kwao, na kumpa Melkor uwezo wa kuzuia kila mtu asizaliwe.

Badiliko la pili linamhusu Ivan mwenyewe. Anairudisha tiketi kwa niaba ya watoto walioteswa. Ni tendo la upendo, lakini nalo linazungumza badala yao, sawa na yule anayeikubali tiketi kwa niaba yao. Tolkien anaahidi kwamba baada ya mwisho wa siku kutakuwa na Muziki wa pili, mkubwa kuliko wa kwanza, na safari hiyo waimbaji hawatakuwa Ainur peke yao. Watoto wa Ilúvatar watakuwa ndani ya kwaya. Wale walioupata muziki wa kwanza kama jambo lililowaangukia watashika sehemu zao wenyewe. Hii ina maana kwamba tathmini ya historia haijafungwa, na haiwezi kufungwa mpaka waliodhulumiwa wawe na sauti ndani yake. Hakuna mwanafalsafa, kasisi, sheikh wala mwasi mwenye haki ya kutangaza leo kwamba hesabu imelipwa au kwamba haitalipika kamwe. Wenye kuidai ni wale walioumizwa, na hadithi inawatunzia zamu yao.

Pingamizi la tatu linasema kwamba haya yote ni ngano, na ngano haithibitishi kitu. Ni kweli kwamba haithibitishi kuwapo kwa Mungu, wala haipaswi kutafutiwa msaada katika fizikia. Wanafizikia wanasema ulimwengu mchanga ulikuwa na mawimbi halisi ya sauti ndani ya gesi yake ya moto, kwa takriban miaka 380,000 ya mwanzo, na alama zake zimepimwa angani. Ni ugunduzi wa kustaajabisha, lakini mawimbi hayo hayamwambii mtu lolote kuhusu chozi la mtoto. Kazi ya ulimwengu wa kubuni ni nyingine. Unaichukua imani, unaiweka mahali ambapo matokeo yake yote yanaonekana, na kuipima kama inaweza kusimama bila kujipinga na bila kumdharau mtu. Plato alifanya hivyo, na Ibn Tufayl alifanya hivyo Andalusia katika karne ya 12. Shaaban Robert aliiumba nchi ya Kusadikika mwaka 1951 ili suala la haki na watawala lipate baraza ambalo lingekuwa gumu kulipata kwingine. Sijamsikia msomaji wa Kiswahili akisema kwamba hotuba za Karama, mhusika wa kitabu hicho, hazina uzito kwa kuwa Kusadikika haimo katika ramani. Vivyo hivyo Arda. Inatuonyesha kwamba inawezekana kumwamini Mungu mwenye enzi yote bila kumgeuza anayeumia kuwa pambo la wimbo.

Matokeo yake kwa imani tunayoishi nayo ni ya moja kwa moja. Kauli kwamba Mungu hashindwi iende kwanza kwa wanaotegemea ushindi wa uovu: anayepora ardhi ya mjane, anayeuza silaha kwa pande mbili, anayefunga vinywa vya watu ili nchi nzima iimbe noti zake chache. Kwao ni habari mbaya, nao wanastahili kuisikia kwa sauti kubwa kutoka mimbarini. Kwa aliyefiwa na aliyeonewa wajibu wetu ni mwingine: kumsikiliza mpaka mwisho, kukiita uovu kwa jina lake, na kuzikaza nyuzi zetu wenyewe ili huruma ikipita itukute tayari. Kama siku moja yeye mwenyewe ataona jema lililotoka katika giza lake na kulitamka, kama Ulmo alivyolitamka la theluji, tutafurahi pamoja naye. Asipoliona maishani mwake, hajamkosea Mungu. Nienna alilia ndani ya muziki wenyewe, mbele ya Eru, na kilio chake kikawa sehemu ya ulimwengu iliyokuja kuuokoa. Dini inayowaharakisha waliao wanyamaze inajinyima sauti ambayo Muumba hakuikataa.